Mara ya Tatu Ilikuwa Nzuri

Asubuhi iliyofuata sinema, wanawake walimpisha Maka kwenye foleni ya maji, na hilo ndilo lililomtia hofu.

Mwaka ule, sitini na sita, hakuna aliyempisha mwenzake mtoni. Amri ilikuwa watu wa Garissa wachote maji kuanzia saa moja hadi saa tatu asubuhi, basi. Askari alisimama juu ya ukingo na bunduki yake, akiitazama saa ya mkononi kuliko alivyowatazama watu, na ikifika saa tatu alipuliza filimbi hata kama debe lako limejaa nusu. Juzi tu Hinda, jirani yake Maka, alimgonga mwanamke mwenzake kwa kata kwa sababu ya hatua mbili. Leo Hinda huyo huyo alivuta debe lake kando.

“Pita, walaal, dada yangu.”

“Kuna nini? Nimefiwa?”

“Pita uchote. Jua linapanda.”

Wanaopishwa ni wafiwa, na wazazi ambao arobaini yao haijaisha. Maka hakuwa mmoja wao. Alishuka hadi majini, akainama, akachota, na nyuma yake akausikia ule ukimya ambao watu huufanya wakiwa na mengi ya kusema.

Askari ndiye pekee aliyecheka. Alikuwa kijana wa bara, mashavu yake bado ya kitoto. “Mama! Ile bwana yako ni shifta kabisa! Jana nikimwona kwa sinema, mkono yangu ilienda kwa bunduki yenyewe.”

“Hiyo kasi tu, afande,” Maka alijibu kwa Kiswahili chake cha sokoni, chenye lafudhi ya Kisomali. “Serikali naliba yeye.”

“Basi analipwa vizuri. Ile macho si ya kulipwa kidogo.”

Walipofika kwenye migunga, mbali na askari, Hinda alitua debe lake chini. Alijifuta uso kwa ncha ya mtandio, mara moja, kisha tena, ingawa haukuwa na jasho.

“Jana hukuja uwanjani.”

“Sahara alikuwa na homa. Ningemwachia nani?”

“Na mumeo alirudi nyumbani baadaye.”

“Angelala wapi? Miezi mitano hajaiona nyumba yake.”

“Hakukwambia.”

“Hinda, kichwani mwangu kuna debe. Sema au nipite.”

“Amekuacha.” Hinda alilisema haraka, kama mtu anayebandua kitambaa kwenye kidonda. “Kwenye lile shuka jeupe la sinema. Amesimama na bunduki, mbele yake kuna mwanamke analia, akasema: Maka, nimekuacha. Kwa lugha yetu, kwa kipaza sauti. Baba yako alikuwepo. Kijiji chao chote kililetwa kwa lori kije kuona.”

“Ile ni sinema, Hinda.”

“Na mimi nilisema hivyo! Lakini nani asiyejua? Mambo matatu, mzaha wake ni kweli na kweli yake ni kweli: kuoa, kuacha na kurejea. Hata mtoto wa chuo cha Kurani anajua. Wanasema tangu jana umelala kwa mtu asiye wako.”

Maka alishika njia. Alitembea, na maji yakamwagika yakamlowesha kifua, yeye ambaye wenzake walikuwa wakimsifu kwamba hubeba debe kama limefungwa kifuniko.

 

Kerrow, mumewe, alikuwa uani akinyoa ndevu, kioo kidogo amekitundika kwenye msumari wa mlango. Alikuwa mrefu, mwenye mashavu yaliyobonyea na macho makubwa, na macho hayo ndiyo yaliyompatia kazi. Katika sinema sita alizocheza Nairobi, alikufa katika nne. Aliwahi kuwa mwizi, mlevi wa sokoni, dereva asiyefuata alama za barabara, na tangu vita vianze, shifta, mwasi wa porini. Na kwa kuwa wakubwa wa picha hawakujua Kisomali, walimpa pia kazi ya kuandika maneno ya watu wote wa sinema. Fedha za kufa na za kuandika ndizo zilizoilisha nyumba tangu ngamia wa ukoo wachukuliwe na jeshi. Safari hii walimpandisha kwenye gari la sinema azunguke nalo kaskazini, asimame karibu na mashine, awaeleze watu kila kinachopita kwenye shuka.

Maka alitua debe. Mkeka wa Kerrow ulikuwa ungali umetandikwa pale uani alipolala.

“Ulisema unalala nje kwa ajili ya joto.”

“Joto lilikuwepo.”

“Jana kulikuwa na upepo. Mimi ndiye niliyekaa macho na mtoto.”

Wembe ulisimama shavuni. Maka hakupiga kelele. Hakuwa mtu wa kelele. Aliingia ndani, akampita mtoto wao Sahara aliyelala huku jasho likimtoka, akafungua sanduku la bati la mumewe na kutoa daftari lenye jalada la bluu. Kerrow mwenyewe ndiye aliyemfundisha herufi, mwaka wa kwanza wa ndoa yao, ili barua zake zisisomwe na mwenye duka ambaye alikuwa akisoma nusu, anacheka, kisha anaendelea. Maka alisoma polepole, kidole chini ya kila neno. Alifungua kurasa hadi alipoliona jina lake.

Chini yake palikuwa na jina lingine, Qali, lililokatwa kwa mistari miwili. Juu yake, kwa mkono ule ule lakini kwa kalamu iliyokandamizwa mpaka karatasi ikatoboka, paliandikwa Maka.

Kerrow alikuwa mlangoni, nusu ya uso ina povu. “Hilo ni la kazi.”

“Qali ni nani?”

“Hayupo. Ni mke wa shifta. Ofisi ndiyo iliyompa jina.”

“Mbona umemkata?”

Kerrow aliweka mkono kifuani. Aliinamisha kichwa kidogo, upande, akaanza kwa sauti ya chini iliyotetemeka pembeni: “Maka, wallahi—”

“Usinifie hapa,” Maka alisema. “Hakuna kamera.”

Mkono ulishuka. Alikaa kwenye kizingiti, na alipoanza tena, sauti haikuwa na urembo wowote.

“Nilisikia kwa dereva wa lori. Kwamba kaka yako Nunow alitoka porini akalala humu siku tatu. Mimi nimekaa katikati ya watu wa serikali, naandika maneno yao, na kwangu kuna shifta wa kweli chini ya kitanda. Wangeninyonga mimi, Maka.”

“Alikuwa na risasi mguuni. Ningemwambia nini? Subiri mume wangu aje?”

“Sasa najua. Siku ile nilikuwa na hasira, na sikuwa na pa kuiweka. Nikasema nitaitoa mahali ambapo haimdhuru mtu. Nikakata jina lile, nikaandika lako. Nilidhani itaonyeshwa Nairobi na Nakuru, kwa watu wasiotujua. Walipoipakia kwenye gari la kuja huku niliwaomba wapaondoe pale. Wakacheka. Wakasema filamu si kitambaa cha fundi cherehani, kata hapa shona hapa.”

Maka alirudisha kidole kwenye ukurasa. Chini ya maneno ya shifta palikuwa na mistari mitatu midogo. Akaisoma kwa sauti. “Mara ya kwanza: unywele kwenye kioo cha kamera. Mara ya pili: ndege imepita. Mara ya tatu: nzuri.” Akainua macho. “Hii ni nini?”

“Ndivyo kazi inavyokwenda. Kitu kikiharibika, mzungu wa kamera anasema rudia. Unasema upya. Watu huja kuona ile moja tu iliyokuwa nzuri.”

“Lakini wewe ulisema tatu.”

Povu lilikuwa limeanza kumkaukia shavuni.

Maka alikaa chini, pale pale kando ya sanduku. Talaka moja inarudika. Hata mbili zinarudika. Ya tatu ni mlango uliofungwa: mpaka mwanamke aolewe na mume mwingine, aishi naye, na huyo naye amwache kwa hiari yake. Wote wawili walilijua hilo tangu utotoni, kama watu wanavyojua njia ya kwenda mtoni.

“Ulinikusudia mimi?” aliuliza. “Mara zote?”

“Ya kwanza, ndiyo. Ya pili, ndiyo.” Kerrow alitazama mikono yake. “Ya tatu nilikuwa nimechoka. Nilikuwa nawaza chakula.”

“Na hiyo ndiyo ilikuwa nzuri.”

“Maka, walisikia moja.” Alisogea karibu. “Uwanja mzima, baba yako, wote. Moja tu. Hakuna anayejua hesabu ya kamera ila mimi na wewe.”

“Na tangu ufike jana,” Maka alisema, “hujauliza hata homa ya mtoto.”

Kabla hajapata jibu, mlango wa ua ulisukumwa kwa teke. “Toka nje, wewe mtu wa shuka!”

Alikuwa Nunow, na nyuma yake baba yao, Mzee Dagane, akija taratibu na fimbo. Walikaa nje ya mji, katika kijiji ambako serikali iliwakusanya wafugaji ndani ya uzio wa miiba. Watu wa huko waliambiwa kwamba miezi ile Nunow alikuwa Wajir akiuza ngozi, na kwamba anachechemea kwa sababu alipigwa teke na ngamia.

“Unamtangazia dada yangu talaka kama tangazo la mnada! Mpaka askari wanacheka! Leo anarudi kwetu, na mtoto wake.”

“Punguza sauti, Nunow,” Kerrow alisema. “Kuta hizi ni nyembamba. Unazijua.”

Nunow alifunga mdomo ghafla, akatazama kitanda, kisha akatazama pembeni.

Mzee Dagane alitoa karatasi iliyokunjwa mara nne. “Hii ni pasi ya chifu. Inaisha saa kumi. Saa kumi na dakika moja mimi ni shifta. Sitaki kufungwa na jambo halijaisha. Twendeni kwa Sheikh Korane.” Alimgeukia mkwewe, na sauti yake ikawa ya adabu kuliko ya Nunow, kwa hiyo ikauma zaidi. “Nawa uso kwanza. Unafanana na mtu aliyekatizwa kwenye mchezo.”

“Chukua nguo zako, Maka,” Nunow alisema.

“Nitamchukua mtoto. Nguo ziko kwenye kamba, zina maji.”

Alirudi ndani peke yake. Alikaa muda mrefu kidogo kuliko unaohitajika kumbeba mtoto wa miaka saba, na alipotoka, Kerrow aliona ncha ya jalada la bluu chini ya mtandio wake.

 

Sheikh Korane alikuwa mwalimu wa chuo, mzee mwenye macho yanayotoa machozi kwa vumbi, na watu wapya walidhani analia. Chumbani kwake walikaa wanaume watano: sheikh, Mzee Dagane, Nunow, Kerrow, na jirani mmoja mfinyanzi wa vyetezo aliyeitwa awe shahidi. Akaitwa na wa pili, muuza chumvi, wakawa sita. Maka na Sahara waliketi upande wa pili wa shuka lililofungwa kamba katikati ya chumba. Nalo lilikuwa jeupe.

Sheikh alitaka kusimuliwa sinema yote. Mfinyanzi, aliyekuwepo uwanjani, alisimulia kwa raha mpaka akafika kwenye mlipuko wa daraja, na sheikh akamwambia daraja halina talaka, arudi nyuma.

“Sikilizeni,” Sheikh Korane alisema mwishowe. “Mimi nikisoma aya ya talaka msikitini, namwacha mke wangu? Simwachi. Nasimulia maneno, si yangu. Huyu naye alikuwa anasimulia maneno ya mtu mwingine. Kwa hilo pekee ningewaambia mwende nyumbani. Kinachonisumbua ni jina. Nani alilichagua?”

“Mimi,” Kerrow alisema.

“Kuna majina mangapi duniani?” Nunow aliruka. “Kwa nini jina lake? Sema hapa, kwa nini?”

Kerrow alimtazama. Alimtazama usoni, kisha akashusha macho hadi kwenye mguu ule aliounyoosha mbele kwa sababu haukukunjika vizuri. Nunow aliuvuta taratibu, akauficha chini ya kikoi. Neno moja lilitosha. Mfinyanzi alikuwa na mdomo mpana, na kituo cha polisi kilikuwa hatua mia mbili kutoka pale.

Kerrow aliuacha ule mguu, akamgeukia baba mkwe.

“Mzee,” alisema, “miezi mitano nimelala chumba kimoja na wanaume sita, hakuna anayejua lugha yangu. Mtu huchoka kuitwa jina lake vibaya. Nilipoandika, mkono uliandika jina uliolizoea. Nilitaka...” Sauti ilikwama mahali panapostahili. Akaitafuta, akaipata chini kidogo. “Nilitaka nilisikie likitamkwa sawasawa. Hata kwa namna hiyo.”

Muuza chumvi alivuta kamasi. Mzee Dagane alitazama mkeka. Hata Nunow, ambaye sasa alikuwa ameielewa sababu ya kweli, alijikuta anapangusa jicho. Maka alifumba macho. Alikuwa amemwona akifanya mazoezi ya vifo vyake vyote uani kwao, na hakuna hata kimoja kilichokuwa kizuri kama hiki.

“Ulitamka mara ngapi?” sheikh aliuliza.

“Moja,” alisema mfinyanzi. “Tulikuwepo.”

“Namuuliza yeye.”

“Walisikia, Sheikh,” Kerrow alisema. “Wote walisikia.”

Sheikh alipangusa macho yake kwa kitambaa. “Basi. Kwa kuwa kuna jina, nachukua njia ya tahadhari: naihesabu moja. Na kwa kuwa mmesema picha ilipigwa zaidi ya miezi minne iliyopita, na hajamkaribia tangu siku hiyo, eda imekwisha. Hana haki ya kumrejea kwa neno tu. Afunge ndoa mpya, kwa mahari mpya, na mambo yaishe. Walii, baba yake, yupo, mashahidi wapo.”

“Ni hivyo tu?” Nunow aliuliza.

“Ulitaka damu?”

Watu walicheka, kicheko kifupi cha watu waliokaa wakiwa wamekaza mabega. Mzee Dagane akauliza saa. Muuza chumvi akasema saa nane na nusu. Kerrow alikuwa amelegeza uso, kama anavyofanya mbele ya kamera akisikia neno “kata”.

Sheikh aligeukia shuka. “Maka binti Dagane. Mwanamwali akinyamaza, amekubali. Mwanamke aliyekwisha olewa, kimya chake si jibu. Nataka kuisikia sauti yako. Unamkubali? Na mahari yako ni nini?”

Walingoja wasikie mbuzi wawili, au shilingi ishirini, au msahafu. Chini ya shuka mkono ulitoka, ukalisukuma daftari la bluu juu ya mkeka.

“Mahari yangu ni hili,” Maka alisema. “Alisome hapa mbele yenu, ukurasa nilioukunja. Akimaliza, nitajibu.”

Sheikh alifikiri. “Wako walioolewa kwa kufundishwa sura moja tu. Kusoma kunaweza kuwa mahari. Kuna nini humo?”

“Kazi yake.”

Sheikh alilichukua, akaligeuza. Alisoma Kiarabu cha vitabu vinene, lakini herufi hizi zilikuwa kwake nyayo za kuku. Akampa Mzee Dagane, naye akalipitisha bila kulifungua. Nunow alilishika juu chini. Mfinyanzi alitikisa kichwa. Mle chumbani hapakuwa na mtu wa kujua kilichoandikwa, ila anayesoma na anayesikiliza nyuma ya shuka.

Kerrow aliutambua ukurasa uliokunjwa. Lakini alikuwa mtu wa kazi yake. Angeweza kusoma chochote. Aliwahi kupewa karatasi tupu mbele ya kamera akasoma barua nzima ya mama mgonjwa, na wapiga picha wakalia. Tayari macho yalianza kujipanga, shavu likabonyea. Akafungua.

Jina la Qali lilikuwepo, na mistari yake miwili. Ile mara ya kwanza, ya pili, ya tatu. Na chini yake palikuwa na mwandiko mwingine, mkubwa, uliopinda kama wa mtoto, kwa penseli yake mwenyewe ya kwenye sanduku. Maka ndiye aliyeandika asubuhi ile:

Mara ya nne:

Mbele ya hayo hakuandika kitu.

Kerrow alikaa akiutazama mstari ule mpaka sheikh akakohoa. Kisha akasoma, bila kuinua kichwa, kama mtu anayesoma risiti ya unga.

“Qali, imekatwa. Maka. Maka, nimekuacha. Mara ya kwanza, unywele kwenye kioo. Mara ya pili, ndege imepita. Mara ya tatu, nzuri.”

Hakuna aliyeelewa mara moja. Sheikh ndiye aliyeelewa kwanza, na machozi yake ya vumbi yalisimama.

“Rudia,” alisema.

“Hapana, Sheikh. Nikirudia nitaipamba.”

“Ulitamka mara tatu?”

“Mara tatu. Siku moja, kati ya adhuhuri na alasiri. Mliokuwepo mliiona ya mwisho.”

“Na moyo wako? Ulikuwa kwa mtu wa sinema, au kwa mkeo?”

“Kwa mke wangu. Nilikuwa na hasira naye.”

“Hasira ya nini?”

Nunow alikuwa ameshika ncha ya mkeka kwa mikono miwili.

“Ya kwangu mwenyewe,” Kerrow alisema. “Siikumbuki.”

Basi yule yule Nunow aliyepiga mlango teke ndiye aliyeanza kumtetea. Alipiga magoti. “Sheikh, si ulisema wewe ukisoma aya msikitini humwachi mkeo? Si anasimulia? Ni kazi yake! Analipwa aseme! Sheikh, mtu anaweza kukasirika...” Alimtafuta baba yake kwa macho, akamtafuta muuza chumvi. “Semeni jambo!”

“Mwenyewe ameshasema,” sheikh alijibu, akalifunga daftari. Alikuwa anazungumza na shuka. “Binti yangu, sina ndoa ya kuwafungia. Umesikia?”

“Nimesikia.”

“Ulikuwa unajua kabla hajasoma?”

“Nilijua, Sheikh. Ila sikutaka iwe mimi ndiye niliyemfunga mdomo, wala mimi ndiye niliyemsemea. Ningesema ndiyo, ningelala na siri hiyo kila siku. Nimeipokea mahari yangu.”

Alimwinua Sahara begani, na wanaume wakatazama pembeni ili apite.

 

Kerrow ndiye aliyeanua nguo. Alikwenda uani kwake peke yake, akazikunja, kanga za Maka upande mmoja na vigauni vya mtoto upande wa pili, akazifunga kwenye shuka la kitanda. Lori la kijijini lilikuwa linanguruma karibu na kizuizi, askari akihesabu watu na pasi zao. Maka alikuwa tayari juu, mgongo wake kwenye mbao, mtoto mapajani. Hakugeuka, na haikuwa halali tena kwake kumtazama kwa kumtamani, kwa hiyo Kerrow alitazama gurudumu.

Nunow alipokea furushi. “Kwa nini hukunitaja?”

“Kigauni cha rangi ya manjano bado kibichi,” Kerrow alisema. “Mkifika mkitundike.”

 

Siku ya tatu, gari la sinema lilifika Modogashe. Wanajeshi waliwakusanya watu kabla ya magharibi, wanaume huku na wanawake kule, na madereva wa malori yaliyozuiwa kwenye njia panda wakapanda juu ya mizigo yao waone bure. Giza lilipoingia, jenereta likawashwa na shuka likajaa mwanga.

Kerrow alisimama kando ya mashine na kipaza sauti chake. Alieleza barabara, hospitali, ng’ombe waliochanjwa. Alieleza shifta anavyotoka kichakani. Watoto waligeuka, wakamtazama yeye, wakalitazama shuka, wakamtazama tena. Pale mwanamke wa Nairobi alipoanza kulia, Kerrow alinyoosha mkono akakizungusha kitufe cha sauti mpaka sauti ikazimika.

Kwenye shuka, shifta alifungua mdomo. Macho yalimtoka, mishipa ya shingo ikasimama, midomo ikaenda, ikafunga. Uwanjani palisikika jenereta tu.

Bibi mmoja aliyekaa mbele, miguu ameinyoosha mchangani, aligeuza shingo. “Wewe wa kipaza sauti! Yule amemwambia nini mkewe?”

Watu wote walingoja. Kerrow alikileta kipaza sauti mdomoni.

“Anamuuliza homa ya mtoto imeendaje.”

“Mwongo wewe!” bibi alisema, na uwanja mzima ukacheka. “Mtu anayeuliza homa hatoi macho vile.”